Kesi ni ya halmashauri, lakini nani ana haki ya kuifungua?

Diwani mmoja aliwahi kuniletea jalada lililopangwa vizuri kuliko mengi ninayopokea: mkataba, hati za malipo, picha za jengo lisilo na paa. Mkandarasi alikuwa amelipwa fedha zote. "Nataka kumshitaki kwa niaba ya halmashauri," akaniambia. Ushahidi ulitosha. Kilichokosekana ni mamlaka yake yeye.

Machoni pa sheria halmashauri ni mtu. Ina jina lake, mali yake na madeni yake, na ndiyo iliyoingia mkataba ule. Kwa hiyo aliyedhulumiwa ni halmashauri yenyewe, wala si diwani, hata kama roho yake ndiyo inayouma. Nayo husema kwa kinywa ilichopewa na sheria tu: kwa kawaida azimio la baraza lililopitishwa kwenye kikao chenye akidi, au ofisa aliyekasimiwa madaraka hayo. Diwani mmoja ana kura, hana muhuri.

Mashauri mengi hufia hapo. Wakili wa upande wa pili hana haja ya kugusa ushahidi. Anasimama na pingamizi la awali na kuuliza azimio liko wapi. Ndiyo maana huomba muhtasari wa kikao kabla sijaandika hata mstari mmoja wa hati ya madai. Katika nchi zilizorithi sheria za Uingereza, baraza laweza kuridhia baadaye shauri lililofunguliwa bila idhini. Lisiporidhia, wakili aliyelifungua anaweza kubebeshwa gharama yeye mwenyewe.

Lakini diwani yule aliniuliza jambo zito zaidi. Je, kama wanaotakiwa kupitisha azimio ndio walionufaika na mkataba? Hiyo si kesi ya nyani kupelekewa ngedere?

Ni hiyo hasa, na baadhi ya nchi zimetafuta dawa yake. Ufaransa humruhusu mlipakodi wa manispaa kudai haki ya manispaa kwa gharama zake, baada ya baraza kuombwa na kukataa au kupuuza, na baada ya mahakama ya utawala kumpa kibali. Hispania, kwa sheria ya mwaka 1985, mkazi huitaka kwanza halmashauri ichukue hatua. Siku 30 za kazi zikipita kimya, anaweza kushitaki kwa jina la halmashauri, na akishinda hurudishiwa gharama. Japani mkazi, hata akiwa peke yake, huanza kwa kuomba ukaguzi. Asiporidhika huenda mahakamani, na tangu mageuzi ya 2002 humshitaki mtendaji mkuu ili alazimike kumdai aliyesababisha hasara.

Naupenda zaidi mfumo wa Hispania. Mwananchi anayehangaikia fedha za wote hapaswi kufilisika kwa kufanya hivyo.

Kwingineko mlango ni mwembamba. Chini ya kanuni ya zamani ya Uingereza, mtu binafsi anayetaka kutetea haki ya umma kwa shauri la madai huhitaji idhini ya Mwanasheria Mkuu, au aoneshe kwamba ameumia kwa namna ya pekee. Wengi hukimbilia kuomba mahakama ipitie uamuzi wa halmashauri, na huko masharti ni mepesi zaidi. Ila hilo ni shauri *dhidi* ya halmashauri. Linaweza kubatilisha uamuzi mbovu, lakini halimfanyi mwombaji kuwa mdai wa deni la halmashauri, na fedha zilizokwisha kulipwa hazirudi zenyewe.

Nilimshauri diwani awasilishe hoja kwa maandishi, aombe kura ya wazi, na ahakikishe majina yanaingizwa kwenye muhtasari. Hoja ilishindwa. Muhtasari ule, wenye jina la kila aliyekataa fedha zidaiwe, ndio ukurasa wa kwanza wa malalamiko aliyoyapeleka kwa wakaguzi.