Kupelekwa Isanga si kushinda kesi

Kila inaposikika kwamba mshtakiwa wa kesi nzito amepelekwa Isanga, hospitali ya magonjwa ya akili iliyoko Dodoma, kupimwa akili, vijiwe vya Kirumba na Igoma huku Mwanza huwa vimeshatoa hukumu: "Huyo kashachomoka." Wapo wanaosema kajifanya chizi. Wapo wakali zaidi wanaosema daktari kapewa chochote. Sisi tunaohudumia wagonjwa wa akili katika hospitali za Kanda ya Ziwa huulizwa jambo hili hata misibani, na karibu kila mara muulizaji anakuwa amefunga mafungu mawili kwa kamba moja.

Fungu la kwanza ni swali kuhusu siku ya tukio: alipotenda, alikuwa na akili timamu? Hilo liko kwenye kifungu cha 13 cha Kanuni ya Adhabu. Fungu la pili ni swali kuhusu leo: akisimama kizimbani sasa hivi, anaweza kujitetea? Hilo linaongozwa na Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai. Mtu anaweza kuwa mzima kabisa siku ya tukio akaugua akiwa mahabusu. Mwingine anaweza kuwa hoi siku ya tukio, akatibiwa, na akafika mahakamani anajieleza vizuri kuliko wakili wake. Leo nazungumzia hili la pili.

Kisa kinacholieleza vizuri zaidi kilitokea mbali, New York. George Metesky alikuwa mfanyakazi wa mitambo ya umeme. Mwaka 1931 boila ililipuka kwa ndani na kumpulizia gesi ya moto, akaumia. Baadaye alipata kifua kikuu, akaamini kuwa chanzo ni ajali ile. Aliomba fidia, dai likakataliwa kwa sababu alilifungua akiwa amechelewa. Alikata rufaa, ikagonga mwamba. Hapo moyoni mwake kampuni ya umeme ikawa adui, na mwaka 1940 aliacha bomu la kwanza katika jengo la kampuni hiyo likiwa na ujumbe wa kuwaita wezi. Halikulipuka. Marekani ilipoingia vitani aliwaandikia polisi kwamba amesitisha mabomu mpaka vita viishe, na kweli alitulia. Alianza tena mwaka 1951: stesheni za treni, maktaba, kumbi za sinema. Hadi anakamatwa Januari 1957 alikuwa ametega mabomu zaidi ya 30. Yaliyolipuka yalikuwa 22, na watu 15 walijeruhiwa. Aliyesaidia kumpata ni karani wa kampuni hiyo, Alice Kelly, aliyepekua majalada ya zamani ya malalamiko ya wafanyakazi na kukuta mtindo wa maneno uleule uliokuwa kwenye barua za mlipuaji.

Wasomaji wengi wa kisa hiki huishia hapo, kwenye kukamatwa. Mimi huvutiwa na kilichofuata. Metesky hakuwahi kusomewa hukumu ya kosa lolote kati ya hayo. Madaktari wa hospitali ya Bellevue walimpima, wakasema ana skizofrenia (ugonjwa wa akili unaomfanya mtu aamini au asikie yasiyokuwepo) yenye dhana ya kuonewa, na Aprili 1957 mahakama ikaamua kuwa hafai kujibu mashtaka. Akapelekwa Matteawan, hospitali iliyokuwa chini ya magereza. Alikaa humo mpaka mwaka 1973. Miaka 16 bila kesi kusikilizwa! Anayesema "kachomoka" na aipige hesabu hiyo.

Swali linalofuata nalijua, kwa sababu ndilo linaloulizwa sana: mtu anayepanga mabomu kwa miaka na kuwakwepa polisi wa jiji zima, mnasemaje hana akili? Jibu ni kwamba ugonjwa huu haufuti ustadi. Mgonjwa mwenye dhana ya kuonewa anaweza kuendesha gari, kuhesabu fedha, kuandika barua safi na kumtunza mama yake. Kilichoharibika ni sehemu moja tu, nayo ndiyo inayoongoza nyingine zote pale jambo linapomgusa yule anayemwona kuwa adui.

Tuchukue mfano wa kubuni, ila wa hapahapa ziwani. Mvuvi wa Ukerewe anashtakiwa kwa kuchoma mtumbwi wa jirani, na mtu akafia humo. Nikimuuliza hakimu anafanya kazi gani, ananijibu sawasawa. Wakili je? "Wa kunitetea." Ukionekana una hatia? "Nafungwa au nanyongwa." Mpaka hapo amefaulu. Nikimuuliza kwa nini hataki kuzungumza na wakili wake, anainama, anashusha sauti: wakili ametumwa na waliomwibia nyavu, na juzi redio ya askari magereza ilisoma hukumu yake kabla ya taarifa ya habari. Nikimdadisi, hayumbi. Anazijua kazi za mahakama zote, lakini hawezi kuzitumia kwa faida yake. Hatamwambia wakili alikuwa wapi usiku ule wala ni nani alimwona. Ukimhukumu mtu huyo, unaendesha kesi ya upande mmoja.

Sasa mweke kando yake mzee wa Kisukuma ambaye hajakanyaga mahakamani tangu azaliwe, Kiswahili chake cha sokoni, na hajui "upande wa mashtaka" ni mnyama gani. Akieleweshwa kwa Kisukuma kwa dakika kumi anaelewa, anauliza maswali, anataja mashahidi wake. Huyo ni mzima. Anachohitaji ni mkalimani, na ni aibu yetu sisi wapimaji tukimwandikia ugonjwa kwa sababu hatukumtafutia.

Na kuwa mgonjwa hakutoshi kumwondoa mtu kizimbani. Ted Kaczynski, mwalimu wa hisabati wa chuo kikuu aliyehamia porini Montana na kutuma mabomu kwa posta kati ya mwaka 1978 na 1995, aliua watu 3 na kujeruhi 23. Daktari aliyeteuliwa na mahakama, Sally Johnson, alimkuta na dalili za skizofrenia, lakini akasema anafaa kujibu mashtaka: anaelewa na anaweza kushirikiana na mawakili akitaka. Januari 1998 alikiri makosa, akafungwa maisha. Alifia kifungoni mwaka 2023. Kwa hiyo jina la ugonjwa halimalizi mjadala.

Kuhusu kuigiza: wapo wanaojaribu, nisifiche. Kwa utaratibu wetu, mahakama ikitilia shaka akili ya mshtakiwa inaweza kuahirisha shauri na kuamuru apelekwe hospitali ya magonjwa ya akili, mara nyingi Isanga, Dodoma, iliyo pamoja na Mirembe. Daktari mfawidhi anatakiwa kupeleka ripoti ya maandishi ndani ya siku 42. Kuigiza mbele ya daktari kwa nusu saa ni rahisi. Kuigiza saa tatu usiku mbele ya muuguzi anayegawa uji asubuhi, anayekuona ukicheza drafti na wenzako na kubishana nani kala kete, ni kazi nyingine kabisa. Waigizaji huwa na haraka ya kutangaza ugonjwa: wanasikia sauti mchana kutwa, hawajui mbili na mbili ni ngapi, wanaanza kuongea peke yao mlango ukifunguliwa. Mgonjwa wa kweli mara nyingi anaficha. Anakwambia yeye ni mzima, wagonjwa ni ninyi. Tunaangalia pia usingizi wake, anavyokula, namna mawazo yanavyounganika katika sentensi, na historia kutoka kwa ndugu. Sisemi hatukosei. Nasema si jambo la kupita kwa kujipaka matope.

Tena huku ziwani kabla hujamwita mtu kichaa pima damu kwanza. Malaria kali inaweza kumfanya mtu apige kelele na kuvua nguo. Kadhalika kuchanganyikiwa baada ya degedege la kifafa, kaswende iliyofika kwenye ubongo, virusi vya ukimwi, jeraha la kichwa, au gongo iliyokatishwa ghafla mtu alipoingia mahabusu. Mengine kati ya hayo hutulia kwa siku chache za matibabu, na mshtakiwa akarudi mahakamani bila kuhitaji safari ya Dodoma.

Ripoti ikifika, anayeamua si daktari. Daktari hutoa maoni. Hakimu au jaji hupima ushahidi na kuamua. Akiona mshtakiwa hawezi kujitetea, shauri linasimama na mtu anawekwa mahali pa matibabu. Kwa makosa yenye dhamana, sheria inaruhusu hata akabidhiwe kwa ndugu wenye uwezo wa kumtunza na kumzuia asidhuru mtu. Akipata nafuu, kesi inaweza kuendelea pale ilipoishia. Hata yule wa fungu la kwanza, anayeonekana alitenda akiwa hana akili timamu, hapandi basi la kurudi Mwanza jioni ile: mahakama hutoa uamuzi maalumu na kuamuru aendelee kushikiliwa akisubiri amri ya ngazi ya waziri.

Hofu yangu basi haiko kwenye watu kuchomoka. Iko upande wa pili, kwenye watu kusahauliwa. Mwaka 1972 Mahakama ya Juu ya Marekani ilisikiliza shauri la kijana kiziwi na bubu, asiyejua kusoma, aliyeshtakiwa kwa kuiba vitu na fedha vya jumla ya dola 9. Kwa kuwa hakuwa na njia ya kujifunza kujitetea, alikuwa anaelekea kufungiwa hospitalini maisha yake yote. Mahakama ikasema hapana: mtu asishikiliwe kwa sababu tu hafai kujibu mashtaka, kupita muda unaohitajika kujua kama kuna matumaini ya kupona. Metesky naye alitoka mwaka uliofuata, Desemba 1973, kwa sharti la kuhudhuria kliniki. Aliishi Connecticut mpaka mwaka 1994, akafa akiwa na miaka 90 bila kutega bomu jingine.

Kwetu, usahaulifu huanza nyumbani. Ndugu wanaona aibu, wanahama namba za simu, na mtu akipata nafuu anakosa wa kumpokea. Kwa hiyo, kama mwanao, mdogo wako au baba mkubwa ana kesi na mnajua aliwahi kuugua, msimwachie wakili akisie. Mweleze mapema. Tafuteni kadi ya kliniki ya zamani, hata iliyochanika, ya Bugando, Sekou Toure au zahanati ya kijijini. Kama alipitia kwa mganga kwanza, semeni. Hatutawacheka, na tarehe mliyompeleka inatuonyesha dalili zilianza lini. Andikeni nani aliishi naye wiki ya tukio, alikuwa akilala saa ngapi, alikula nini, alisema nini cha ajabu na kwa maneno yake mwenyewe. Kama hamna fedha za wakili, Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 inatambua watoa msaada wa bure. Ofisi ya ustawi wa jamii ya halmashauri itawaelekeza.

Na akiwa Isanga, mtumeni mtu mmoja akamwone, achukue jina la daktari wake na dawa anazotumia, hasa kama ni sindano ya mwezi, ili siku akirudi Sengerema au Magu dawa hiyohiyo iwe imeshaulizwa kama ipo kwenye hospitali ya wilaya.