Springi Hailali: Dhana Potofu Kuhusu Kufungua Bunduki ya Upepo

Anayefungua bunduki ya upepo kwa mara ya kwanza huwa ana bisibisi mkononi na imani moja kichwani: hii haina baruti, kwa hiyo hakuna cha kuogopa. Nazungumzia ile ya kukunja mtutu, ambayo unaushusha mtutu mpaka usikie imenasa, unatia risasi, kisha unaurudisha. Ina vipande vichache na fundi makini anaweza kuitunza kwa miaka mingi. Uchache huo wa vipande ndio unaowaponza watu, maana wanadhani chombo chepesi kukielewa ni chepesi pia kukifungua.

"Nimeshaifyatua, upepo umetoka, haina nguvu tena"

Hii ndiyo mama wa dhana zote, na jina la bunduki limeisaidia kuenea. Bunduki ya aina hii haihifadhi upepo hata kidogo. Unaposhusha mtutu, mkono wa chuma ulio chini yake huisukuma pistoni nyuma, springi inabanwa, na ndoano ya kifyatulio inaidaka pistoni isirudi. Ukivuta kifyatulio, springi inaitupa pistoni mbele, hewa iliyokuwa imetulia ndani ya silinda inabanwa ghafla, inapenya kwenye tundu dogo na kuisukuma risasi. Upepo wenye nguvu huzaliwa wakati ule ule wa kufyatua na kuisha hapo hapo.

Springi ndiyo inayobaki. Hata bunduki ikiwa haijakokiwa, yaani mtutu haujashushwa kuinasisha pistoni, springi haijalegea, kwa sababu ilipoingizwa ndani ilibanwa kwanza ndipo kizibo cha nyuma kikafungwa. Ukishaitoa, ilaze kando ya silinda uone: mara nyingi itaizidi nafasi yake kwa sentimita kadhaa. Sentimita hizo zilikuwa zimekandamizwa nyuma ya kizibo tangu siku bunduki ilipounganishwa, zikisukuma usiku na mchana.

Sasa mfikirie mtu aliyeishikilia silinda kwa mapaja, anagonga pini ya kizibo itoke huku kifua chake kikiwa nyuma ya kizibo sawasawa. Pini ikitoka, kile kipande cha chuma hakidondoki, kinaruka, na springi inakifuata. Jino, jicho au kidole, chochote kilichokaa kwenye njia yake kitaumia.

Wapo wanaosema kizibo cha hesi, kile kinachofunguliwa kwa kuzungushwa, ni salama kwa sababu kinatoka polepole. Ni kweli kinatoka polepole, mpaka kwenye mzunguko wa mwisho. Hesi huisha kabla springi haijamaliza kusukuma, na unapofika pale kizibo kinaanza kuinama upande, kinaharibu hesi zake, halafu kinachomoka chenyewe mkononi.

"Uzito wa mwili unatosha kuizuia"

Hautoshi, na hata pale unapotosha, haudumu. Kiatu kinateleza, jasho linalegeza kiganja, na mkono mmoja unaondoka kwenda kushika pini. Kifaa cha kazi hii ni klampu ya springi, na kuitengeneza si kazi kubwa: ubao mnene ulionyooka, kizuizi imara upande mmoja, na upande wa pili bolti ndefu inayopita ndani ya nati iliyofungwa barabara. Silinda inalala katikati, imebanwa pembeni kwa vipande vya mbao isiyumbe. Bolti inakaza kizibo kidogo tu, mpaka pini ionekane imepumua na inatoka kwa kugongwa taratibu. Baada ya hapo unairudisha bolti nyuma mzunguko kwa mzunguko, mpaka uione springi haisukumi tena.

Hapa kuna kosa ambalo hata wenye klampu hulifanya: bolti fupi. Safari ya bolti lazima iwe ndefu kuliko urefu ambao springi imebanwa, la sivyo inaishia njiani huku springi bado ina nguvu. Vaa miwani ya kinga, na simama ubavuni mwa mstari wa springi, kamwe si nyuma yake.

"Ifyatue tupu ili uhakikishe haijakokiwa"

Risasi iliyo ndani ya mtutu ndiyo inayochelewesha hewa, na hewa hiyo ikicheleweshwa inakuwa mto wa kuipokea pistoni. Bila risasi, pistoni inakwenda kujigonga mwisho wa silinda chuma kwa chuma, ikiumiza springi na sili, ile ya kichwani mwa pistoni inayozuia hewa isivuje, kwa pamoja. Kama bunduki imekokiwa na huna uhakika, ielekeze kwenye kizuizi salama na uifyatue ikiwa na risasi. Baadhi ya miundo huruhusu kuushika mtutu kwa nguvu, kuvuta kifyatulio na kuurudisha taratibu. Mingine ina kinga ambayo haikubali kabisa kufyatua mtutu ukiwa wazi. Soma kitabu cha bunduki yako kabla ya kujaribu.

Na mtutu ulio wazi wakati bunduki imekokiwa usiuachie mkono hata kwa sekunde moja. Ndoano ikiteleza, mtutu unajifunga kwa kishindo, na vidole vilivyokuwa vinatia risasi vimo katikati. Kizuizi cha usalama kinazuia kifyatulio kisivutwe. Hakiwezi kuizuia ndoano iliyochakaa.

"Ya gesi haina springi, basi haina hatari"

Baadhi ya bunduki zina mtungi wa gesi mahali pa springi. Mtungi huo una shinikizo kubwa wakati wote, hata ukiwa mezani peke yake. Unatolewa mzima na kubadilishwa mzima. Usiutoboe, usiupashe moto, usijaribu kuufungua.

"Oili nyingi ndiyo matunzo"

Oili ya kawaida ikiingia mbele ya pistoni, hewa inapobanwa inapata joto kali na oili inawaka. Utasikia mlio mkali usio wa kawaida, utaona moshi mdomoni mwa mtutu na kunusa harufu ya kuungua. Wengine hufurahi wakidhani bunduki imeongezeka nguvu, kumbe sili inaungua na springi inapigwa kinyumenyume. Sili za plastiki za siku hizi hazihitaji karibu chochote. Za ngozi kwenye bunduki za zamani ndizo zinazotaka kulainishwa. Grisi yenye molibdeni, safu nyembamba kama ya kupaka kwa kidole na kufuta, inatosha panaposuguana chuma na chuma.

"Imepungua nguvu, lazima ifunguliwe"

Hapa ndipo ningependa wengi wasimame kwanza. Skrubu za kitako hulegea kwa sababu bunduki hii inatikisika mbele na nyuma kila inapofyatuliwa, na zikilegea shabaha inapotea. Zikaze, kisha angalia bolti ya bawaba ya mtutu. Halafu weka kipande cha karatasi laini juu ya maungio ya mtutu na silinda, ufyatue ukiwa na risasi ndani. Karatasi ikiruka, hewa inavujia pale, na dawa yake ni oringi ndogo, pete ya mpira ya kuzuia hewa, inayobadilishwa bila kuigusa springi kabisa.

Kubandika springi ngumu zaidi nako mara nyingi huongeza mtikisiko kuliko mwendo, kwa sababu silinda ni ile ile na hewa yake ni ile ile. Isitoshe kuna sheria: Uingereza, bunduki ya aina hii ikizidi takriban joule 16, kipimo cha nishati ya risasi inapotoka, inahitaji kibali, na Ujerumani mpaka wa kuinunua bila kibali ni joule 7.5. Kifyatulio kisipokuwa na kasoro, kiache kama kilivyo. Kukwangua ndoano ili kiwe chepesi ni kutengeneza bunduki itakayojifyatua.

Wakati wa kurudisha, hatari inahamia kwenye sili. Pitisha kidole taratibu kwenye kingo za mwanya ulio chini ya silinda, utakuta makali kama ya kopo lililofunguliwa vibaya. Sili mpya ikipita hapo bila kingo kulainishwa inachanwa alama ndogo ambayo hutaiona, na nguvu inapungua tangu siku ya kwanza. Lainisha makali kwa msasa mwembamba, futa vumbi la chuma lote, ndipo uisukume pistoni ndani. Springi irudishwe kwa klampu ile ile, kwa utaratibu ule ule. Na usiikoki ikiwa bado nje ya kitako: kwenye miundo mingi kitako ndicho kinachoushikilia ule mkono wa chuma usipinde.