Je, wajua kwa nini mende mzima hukubali kuongozwa na nyigu hadi shimoni?

Umeme ukirudi usiku katika nyumba ya mbao kule Kadutu, hapa Bukavu, mende hawangoji kuhesabiwa. Upepo mdogo wa mguu unaoshuka unatosha: vinywele vya nyuma ya tumbo lake huuhisi, na kandambili ikigonga saruji mwenyewe yuko chini ya kabati. Ndiyo maana yanayompata mbele ya nyigu mmoja wa kijani yanashangaza. Anaacha kabisa kukimbia, na miguu yake yote sita ni mizima.

Nyigu huyo kitaalamu anaitwa Ampulex compressa. Anapatikana Afrika ya kitropiki, Asia ya Kusini na visiwa vya Pasifiki. Mwili wake unang'aa kijani na buluu, mapaja ya miguu ya kati na ya nyuma ni mekundu, na jike hafiki sentimita tatu. Mende anayemwinda amemzidi ukubwa, kwa hiyo kumbeba hawezi. Kumuua nako hakumfai, maana mwanawe atahitaji nyama mbichi kwa siku nyingi na mzoga huoza. Anamtaka mende aliye hai, mtulivu, anayejipeleka kwa miguu yake mwenyewe.

Humchoma mara mbili. Mchomo wa kwanza huingia kifuani, kwenye fundo la neva linaloendesha miguu ya mbele. Sumu yake ina GABA, kemikali inayonyamazisha neva, na miguu hiyo hulegea kwa dakika mbili tatu. Muda huo unamtosha nyigu kulenga mchomo wa pili, unaopita kwenye ngozi laini ya shingo hadi ndani ya ubongo. Hapa hapigi ovyo. Mwiba wake una vihisio, naye hupapasa mpaka apate sehemu anayoitaka. Watafiti walipompa mende aliyeondolewa ubongo, alipekua kile kichwa kitupu kwa muda wa karibu mara kumi ya kawaida. Profesa Frederic Libersat na wenzake wa Chuo Kikuu cha Ben-Gurion, Israeli, walikuwa wameshathibitisha mwaka 2003 kwamba sumu inafika ubongoni: waliwapa nyigu kemikali zenye mionzi, wakaja kuikuta mionzi hiyo ndani ya kichwa cha mende.

Baada ya hapo mende hukaa kama nusu saa akijisafisha, miguu na papasi (zile nyuzi mbili ndefu za kichwani), kazi inayochochewa na dopamini, kemikali nyingine ya neva iliyomo kwenye sumu. Nyigu wala hamlindi. Anaenda kutafuta shimo. Akirudi anazikata papasi nusu, ananywa matone ya damu yanayotoka, kisha anashika kipande kilichobaki na kurudi kinyumenyume. Mende anamfuata kama mbuzi aliyefungwa kamba.

Mtu wa hapa kwetu angesema amerogwa, na simlaumu. Lakini ukimpindua mende huyo chali, anajigeuza vizuri. Ukimning'iniza mbele ya upepo, anapiga mabawa kama kawaida. Kilichopotea ni ule msukumo wa kuanza kutembea bila kuvutwa. Watafiti waliwadunga mende waliochomwa kemikali inayofanya kazi ya oktopamini, ambayo huwaamsha wadudu, na kwa kiasi fulani wakaanza tena kutembea. Zaidi ya hapo, ukimnyang'anya nyigu windo lake, mende huyo hurudia hali yake ndani ya wiki moja hivi.

Porini hapati wiki hiyo. Nyigu hubandika yai moja kwenye mguu wake, huziba mlango kwa vijiwe na kuondoka. Buu hutoka baada ya siku tatu hivi, hufyonza damu, halafu hutoboa na kuingia tumboni. Humo hutema dawa zake za kuua vijidudu ili chakula kisiharibike. Wiki sita hivi tangu yai litagwe, nyigu mpya hutoboa ganda la mende na kutoka.

Si kila kimelea huingia kichwani namna hii. Kuvu wa Ophiocordyceps humfanya sisimizi wa miti apande mmea, aung'ate mshipa wa jani na kufia hapo, ndipo kuvu achipue kutoka kichwani mwake na kumwaga mbegu chini. Utafiti wa mwaka 2017 ulikuta chembe zake zimeizunguka misuli mwili mzima, lakini ubongo haukuguswa. Kwangu mimi huyo anatisha kuliko nyigu.

Swali la akina mama ni jingine: je, nyigu huyu atatumalizia mende jikoni? Mwaka 1941 alipelekwa Hawaii kwa nia hiyo hiyo, na mende wapo mpaka leo, kwa sababu kila jike hushikilia eneo lake na huwinda mende mmoja mmoja. Halafu anayemtafuta ni yule mkubwa mwekundu wa vyooni na mitaroni. Wale wadogo wanaojaa kabatini nyuma ya sahani hawamo katika mawindo yake. Hao itabidi tuendelee nao wenyewe, kwa kandambili na dawa.