Sifuri Iliyoongezwa: Kusoma Vitabu vya Vita Vilivyopoteza Imani

Swali hili hatuachi kuletewa hapa maktabani kwetu Mombasa: kitabu cha historia kikishathibitika kupotosha, mbona bado kiko kwenye rafu? Mimi ningependa kibaki. Kwa msomaji anayejua kupekua, kitabu cha namna hiyo humfunza mengi, na pa kuanzia kupekua ni kwenye idadi.

Chukua Dresden, mji wa Ujerumani ulioshambuliwa na ndege za Uingereza na Marekani Februari 1945. Mwaka 1963 Mwingereza David Irving aliandika kwamba waliokufa ni 135,000. Baadaye akaishika hati iliyodaiwa kuwa ya polisi, yenye maiti 202,040. Ripoti halisi ilipopatikana, idadi ilikuwa 20,204. Sifuri moja tu ilikuwa imechomekwa, na inaaminika ni kazi ya watu wa propaganda wa Hitler. Irving alikiri gazetini mwaka 1966, lakini idadi zile kubwa hazikufa. Mpaka leo zinatumwa kwenye simu. Tume ya wanahistoria ilihitimisha mwaka 2010 kuwa waliokufa hawakuzidi 25,000. Huo nao ni msiba mkubwa, wala hauhitaji kutiwa chumvi.

Irving huyo huyo alimshtaki mwanahistoria Mmarekani Deborah Lipstadt jijini London kwa kumwita mkanushaji wa mauaji ya Wayahudi. Aprili 2000 alishindwa. Katika hukumu ya Jaji Charles Gray, kinachonivutia zaidi si wingi wa makosa yaliyofichuliwa, bali mwelekeo wake: yalielekea kumsafisha Hitler. Mwandishi aliyeteleza kwa bahati mbaya huteleza huku na huku. Kwa hiyo unapokuta kosa, liandike pembeni, kisha uangalie la pili na la tatu yanamnufaisha nani. Tanbihi nyingi zisikutishe; Irving alikuwa nazo tele.

Kuna vitabu visivyobuni hati, ila hunyamaza. Jenerali Paul von Lettow-Vorbeck, aliyewaongoza Wajerumani Afrika Mashariki 1914 hadi 1918, alisifu sana uaminifu wa askari wake Waafrika. Wapo waliobaki naye hadi mwisho, kweli, lakini wengi walitoroka. Waingereza nao hupenda kusimulia mapigano kuliko wapagazi, ilhali wapagazi zaidi ya 90,000 wa upande wao walikufa, wengi kwa maradhi. Hapa Pwani, kutakiwa kutoa vijana wa kazi hiyo kulikuwa miongoni mwa mambo yaliyowachochea Wagiriama kupinga serikali mwaka 1914.

Anayeniomba kumbukumbu za jenerali humpa, pamoja na kitabu kimoja kuhusu wapagazi. Wengine hunikunjia uso kwa kuwa ni kinene.