Uwiano sawa katika mafumbo ya hesabu

Uwiano hulinganisha viasi viwili au zaidi vilivyopimwa kwa kipimo kimoja, na uwiano huwa sawa na mwingine pale ambapo namba zake zote zimezidishwa, au zimegawanywa, kwa namba ileile isiyo sifuri. Kwa hiyo 1:2:4 na 3:6:12 zina namba tofauti ilhali zinaeleza uhusiano mmoja.

Mafundi ujenzi wanaufahamu vizuri uwiano huo wa 1:2:4, kwa kuwa ndoo moja ya saruji, mbili za mchanga na nne za kokoto ni mchanganyiko wa kawaida wa zege. Tuseme fumbo linauliza: fundi akitumia ndoo 3 za saruji, atahitaji mchanga na kokoto kiasi gani? Saruji ilikuwa 1 ikawa 3, yaani imezidishwa kwa 3, basi mchanga ni 2 × 3 = 6 na kokoto ni 4 × 3 = 12. Wanafunzi wengi hukosea hapa, na kosa lao linastahili kutazamwa kwa makini kwa sababu halikosi mantiki: wanaona saruji imeongezeka kwa 2, nao wanaongeza 2 kila mahali, wakapata 3:4:6. Katika zege hilo mchanga, uliopaswa kuwa mara mbili ya saruji, haufiki hata mara moja na nusu. Kujumlisha kumeuvunja uhusiano ambao kuzidisha kungeuhifadhi.

Jambo la kujiuliza kabla ya kukokotoa ni kwamba namba iliyotolewa inasimamia nini. Fumbo likisema vifaa vyote ni ndoo 35, namba hiyo ni ya jumla, nayo jumla ya sehemu ni 1 + 2 + 4 = 7; kila sehemu basi ni ndoo 5, na majibu ni 5, 10 na 20. (Ndoo hizo zimepimwa kabla ya kuchanganya, zege lenyewe litakuwa na ujazo mdogo zaidi, kwani mchanga huingia katika nafasi zilizo kati ya kokoto.) Likisema kokoto zimezidi mchanga kwa ndoo 18, namba hiyo ni ya tofauti, ambayo ni sehemu 4 − 2 = 2, hivyo sehemu moja ni ndoo 9: saruji 9, mchanga 18, kokoto 36.