Gemu haijaharibika, limekosekana faili la chipu ya sauti

Kwenye mabanda ya gemu hapa Dodoma, MAME (programu ya kompyuta inayoiga mashine za gemu za zamani) ikigoma kufungua gemu ya Super Street Fighter II na kuandika kwamba dl-1425.bin haipo, utaambiwa mojawapo ya mawili: gemu ni mbovu, au kadi ya sauti ya kompyuta imekufa. Yote si kweli. Nimemwona kijana pale Majengo akiifuta gemu na kuipakua upya mara tatu. Bando likaisha, ujumbe ukabaki uleule.

Mashine za gemu za kampuni ya Capcom ziitwazo CPS-2, zilizoanza 1993, ambazo gemu hii ilitengenezewa, zilikuwa na chipu ya sauti iitwayo QSound, nayo ina kumbukumbu yake ya ndani. MAME huiga mashine nzima, si gemu peke yake, kwa hiyo inadai nakala ya kumbukumbu hiyo pia, ndiyo hiyo dl-1425.bin. Na kwa kuwa chipu ileile ilitumika kwenye gemu nyingi, faili lake mara nyingi halirudiwi ndani ya kila gemu. Hukaa kivyake kwenye qsound.zip. (Matoleo mengine ya MAME hutafuta qsound_hle.zip. Soma ujumbe vizuri, watu hawausomi!)

Weka zipu hiyo kwenye folda ya MAME iitwayo roms, kando ya ssf2.zip, yaani faili la gemu yenyewe. Huna haja ya kuifungua. Wala usichukue faili jingine ukalibandika jina hilo: MAME hukagua yaliyomo, itakwambia silo.

Gemu za Neo Geo, aina nyingine ya mashine za gemu, nazo hudai neogeo.zip, ingawa humo kuna programu ya kuwashia mashine, si sauti tu.