Sheria ya Conway: Mfumo Hufuata Umbo la Taasisi Iliyouunda

Taasisi inapobuni mfumo wowote, iwe programu ya kompyuta, ndege au utaratibu wa kuhudumia wateja, mfumo huo hutoka na umbo linalofanana na njia ambazo watu wa taasisi hiyo huwasiliana. Hiyo ndiyo Sheria ya Conway. Aliyeieleza ni Melvin Conway, mtaalamu wa kompyuta wa Marekani, katika makala iliyotolewa na jarida la Datamation Aprili 1968. Kabla ya hapo Harvard Business Review, jarida la shule ya biashara ya Harvard, lilikuwa limeikataa makala hiyo, kwa maelezo kwamba hoja yake haikuthibitishwa. Jina la sheria lilienezwa baadaye na Fred Brooks, aliyewahi kusimamia utengenezaji wa mfumo endeshi wa kompyuta za IBM System/360.

Mfano wa Conway mwenyewe ni mfupi. Shirika moja lilikuwa na watu 8 wa kuandika kompaila mbili, yaani programu za kugeuza maagizo yaliyoandikwa na mtu yawe lugha ya mashine. Baada ya kukadiria ugumu wa kazi, 5 wakapewa kompaila ya lugha ya programu ya COBOL na 3 ya lugha ya ALGOL. Ya COBOL ikatoka ikifanya kazi kwa hatua 5, ya ALGOL kwa hatua 3.

Sababu yake si ya ajabu. Sehemu mbili za mfumo zinapokutana, lazima pawe na makubaliano: ipi inaipa nini nyingine, kwa kipimo gani, kwa mpangilio upi. Wanaopatana ni watu. Walio katika timu moja watayarekebisha makubaliano hayo wakati wowote kwa maneno machache. Walio katika idara mbili wataandikiana, watangoja idhini za wakuu wao, na mara nyingi wataacha mambo yalivyo hata kama mabadiliko yangefaa. Ndivyo mpaka wa idara unavyogeuka kuwa mpaka ndani ya bidhaa.

Kwa nini basi wote wasizungumze na wote? Hesabu inakataa. Watu 5 wana jozi 10 za mazungumzo. Watu 50 wana jozi 1,225. Idara na ngazi za uongozi zipo ili kupunguza jozi hizo, na bila hizo kazi kubwa haiendi. Lakini kila njia ya mazungumzo inayofungwa huondoka na usanifu wowote ambao ungehitaji watu hao wawili wapatane. Kwangu mimi hapa ndipo penye uzito kuliko katika kisa cha kompaila: anayepanga idara, ambaye pengine hajioni kuwa mbunifu hata kidogo, amekwisha kuamua sehemu ya usanifu kabla wahandisi hawajaanza kazi.

Ndege kubwa ya abiria ya A380, iliyotengenezwa na Airbus, inaonyesha gharama yake. Airbus ilianza 1970 kama ushirika wa makampuni ya nchi kadhaa za Ulaya, na ikawa kampuni moja mwaka 2001. Kwenye karatasi ilikuwa imeungana, ila wahandisi wa Hamburg, Ujerumani, na wale wa Toulouse, Ufaransa, waliendelea kutumia matoleo tofauti ya programu ya usanifu ya CATIA. Vipande vya kiwiliwili cha ndege vilipofika Toulouse kuunganishwa, nyaya hazikufika zilikotakiwa. Mteja wa kwanza alikabidhiwa ndege yake Oktoba 2007, zaidi ya mwaka baada ya muda uliopangwa.

Kwenye ubunifu, tatizo hujificha zaidi. Mwaka 1990 watafiti Rebecca Henderson na Kim Clark waliandika kuhusu makampuni yaliyotengeneza mashine za kuchapa michoro ya saketi kwenye chipu. Mashirika yaliyokuwa yakiongoza yaliboresha sehemu mojamoja vizuri sana. Yalijikwaa pale sehemu zilezile zilipohitaji kuunganishwa kwa namna mpya, kwa sababu mazungumzo yao ya ndani yalikuwa yameganda katika mpangilio wa zamani. Hakukuwa na idara ambayo kazi yake ilikuwa kuona badiliko la namna hiyo.

Uthibitisho ambao Harvard Business Review ilikuwa imeutaka kwa Conway ulikuja baadaye, tena kutoka Harvard Business School yenyewe. Watafiti walilinganisha programu zenye kazi zinazofanana: zile zilizoandikwa na watu wa kujitolea waliotawanyika zilikuwa na sehemu zinazojitegemea zaidi kuliko zile za makampuni, ambako timu hukaa pamoja.

Siku hizi wapo viongozi wanaoigeuza sheria: huanza na mfumo wanaoutaka, kisha huunda timu zenye umbo hilo. Husaidia, ingawa si kila mara. Conway alizungumzia mawasiliano yenyewe, na watu huendelea kumtafuta yule waliyezoea kumwamini hata baada ya idara zao kuvunjwa. Anayetaka kujua muundo halisi wa taasisi atazame nani humpigia nani simu mambo yanapoharibika. Chati iliyobandikwa ukutani itamwambia kidogo tu.